Je, wajua kwa nini Mwanza ya kale huzungukwa kwa miguu asubuhi moja?

Mwanza ina watu zaidi ya milioni moja ukijumlisha wilaya za Nyamagana na Ilemela. Panda daladala Buhongwa kwenda Airport, utasinzia, utaamka, na bado hujafika. Lakini mgeni akikuomba umtembeze mitaa ya kale, yenye majengo ya Wajerumani, maduka ya Wahindi, misikiti na mahekalu, mtaanza saa moja asubuhi, na saa sita mtakuwa mmekaa kwa mama lishe mnasubiri sato. Jiji kubwa namna hii, ukale wake umejibana wapi?

Umejibana bandarini. Mwanza ya kwanza ilijengwa na meli kabla haijajengwa na reli wala lami. Aliyekuja kutawala, kuuza au kununua alitaka kukaa jirani na gati. Mbele yake maji, nyuma yake majabali. Kilichobaki katikati ni ukanda mwembamba wa ardhi tambarare, na humo ndimo kila mtu alimobanana na mwenzake.

Kwa hiyo sikubaliani na waongoza wageni wanaoanzia Jiwe la Bismarck, lile jabali lililosimama ziwani. Ni zuri kwa picha, hasa jua linapozama, na jina lake ni la Otto von Bismarck, chansela wa Ujerumani ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika Mashariki. Ukishapiga picha, limekwisha. Anzia karibu na Bandari ya Kaskazini, mahali abiria wa visiwani wanaposhuka na mizigo yao. Kamera iache mfukoni hapo hadi upewe ruhusa, maana walinzi wa bandari hawana mzaha.

Ukiwa hapo, geuka uangalie milima. Kilima cha Isamilo ndicho kinachotajwa katika habari za John Hanning Speke, Mwingereza aliyefika kwa miguu kutoka Kazeh, yaani Tabora ya leo, akiwa amemwacha mwenzake Richard Burton huko akiugua. Tarehe 3 Agosti 1858 aliliona ziwa lilivyotanda, akalipa jina la malkia wake, akashikilia kwamba hapa ndipo Mto Nile unapoanzia. Wavuvi walikuwa humo majini siku hiyo kama siku zote. Anayenivutia mimi katika msafara ule ni Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyeuzwa utumwani akiwa mtoto, akapelekwa India, akarudi Afrika akiwa mtu mzima. Yeye na Speke walielewana kwa Kihindustani. Yaani habari za ziwa letu zilimfikia Mzungu kupitia lugha ya Kihindi, na hiyo ilikuwa miongo kadhaa kabla ya duka la kwanza la Mhindi kufunguliwa hapa.

Wajerumani walifungua kituo chao mwanzoni mwa miaka ya 1890, wakaandika jina la mji "Muansa", wakakaa hadi Julai 1916 Waingereza walipouteka. Katikati ya mji kuna kilima kidogo chenye jina la Robert Koch, yule daktari aliyegundua kijidudu cha kifua kikuu. Koch alipita Mwanza mwaka 1906 akiwa njiani kwenda visiwa vya Sese, upande wa Uganda, kuchunguza ugonjwa wa malale uliokuwa ukiua watu kwa maelfu ufukoni mwa ziwa. Mwaka mmoja kabla alikuwa ametunukiwa Tuzo ya Nobel. Panda taratibu, mawe yanateleza.

Sasa shuka madukani, kwa maana hapa ndipo wengi wanapopotea. Mtu anaona baraza zenye nguzo, milango mipana ya mbao na ghorofa moja juu, anadhani mwenye duka alitokea Dar es Salaam. Asingeweza kirahisi. Reli ya Kati ya Wajerumani ilipita Tabora ikaishia Kigoma mwaka 1914, na Ziwa Victoria haikuligusa. Waingereza ndio waliokuwa wametangulia: Reli ya Uganda ilifika Kisumu, enzi hizo Port Florence, Desemba 1901. Meli kama Winifred na Sybil zikaletwa vipande vipande kutoka Uskoti, zikaunganishwa Kisumu, zikaanza kuzunguka bandari za ziwa, zile za Wajerumani zikiwemo. Ngozi na karanga za Usukuma zikawa zinapakiwa Mwanza, zinashushwa Kisumu, zinapanda treni hadi Mombasa. Meli zikirudi zilibeba vitambaa vya merikani, chumvi na vyombo. Koloni la Mjerumani likawa linailipia nauli reli ya Mwingereza!

Basi wafanyabiashara wengi kutoka Kutch na Gujarati, India, walifika Mwanza wakitokea majini. Mtandao wa Alidina Visram, tajiri wa Mombasa aliyefariki mwaka 1916, ulikuwa umeonyesha njia hiyo kwa maduka yaliyofuata reli hadi kwenye bandari za ziwa. Duka likiwa mbali na gati, gharama ya wapagazi inakula faida, ndiyo maana yakasogezwa karibu kiasi hicho. Simama mbele ya mojawapo la zamani, usilipite tu. Tazama juu, chini ya paa: mengine bado yana herufi za jina la mwenye nyumba na mwaka wa kujengwa, zimechongwa kwenye saruji na kupakwa rangi juu ya rangi. Chini ni biashara, nyuma ni ua na stoo, juu ni familia. Mwenye duka hakuwa na haja ya kutoka nje ili aende kazini, na hakuwa na haja ya kwenda mbali ili akasali. Hekalu, msikiti na jamatkhana, nyumba ya ibada ya Waismailia, viko umbali ambao mwadhini na kengele vinasikika kwa pamoja.

Reli ya kutoka Tabora, takriban kilomita 380, ilifika mwaka 1928, tayari ni zamani za Mwingereza. Haikuuhamisha mji. Stesheni ilijengwa pembeni yake kusini, kandokando ya ziwa, ili behewa na meli vipokezane mzigo. Mzigo wenyewe ukawa pamba.

Pamba inastahili kusimama kidogo. Wakulima wa Usukuma waliibiwa kwenye mizani ya wanunuzi hadi wakachoka, wakaanza kuweka watu wao wa kupima upya. Kutokana na hapo vikazaliwa vyama vya ushirika, na mwaka 1955 vikaungana kuwa Victoria Federation, chama kilichohesabika miongoni mwa vyama vikubwa kabisa vya ushirika vya Waafrika barani. Paul Bomani aliyekiongoza alikuja kuwa waziri wa fedha. Wakati huohuo serikali ya kikoloni ilikuwa imeipiga marufuku TANU, chama cha kudai uhuru, katika Jimbo la Ziwa, kati ya mwaka 1954 na 1958, kwa hiyo mikutano ya pamba ilibeba na mambo mengine ambayo hayakuandikwa kwenye ajenda. Leo mji una Barabara ya Pamba, na timu ya mpira ya Pamba, kwa jina la utani TP Lindanda, ambayo ukiitaja vibaya kijiweni utajua hujui.

Majina ya mitaa mingine yalibadilika baada ya Uhuru, na kuyasoma kwa mfuatano ni kama kusikiliza taarifa ya habari ya redio ya miaka ya sitini. Mtaa wa Lumumba, aliyeuawa Januari 1961. Mtaa wa Rwagasore, mwana wa mfalme wa Burundi aliyepigwa risasi Oktoba mwaka huohuo. Barabara ya Balewa, waziri mkuu wa Nigeria aliyeuawa kwenye mapinduzi ya Januari 1966. Nkrumah yupo, Kenyatta yupo. Muulize kijana wa bodaboda aliyepaki Rwagasore huyo alikuwa nani. Mara nyingi atakutajia bei ya kwenda Nyegezi.

Makoroboi usiipite mbio. Eneo limeitwa hivyo kwa sababu ya mafundi waliotengeneza koroboi, taa ndogo za mafuta ya taa, kutokana na mabati na makopo chakavu. Kazi yenyewe inafundisha. Kopo la maziwa linakatwa kifuniko, linachomelewa kidomo chembamba cha bati lililokunjwa, utambi wa pamba unapenyezwa humo, na mkono wa kushikia unaongezwa kwa kipande cha utepe wa chuma. Mpini ukikaa karibu na kidomo, utaungua. Ukikaa mbali, taa inapinduka. Umeme na taa za sola zimepunguza wateja, lakini bati halikosi kazi: majiko ya mkaa, beseni, makarai ya maandazi, vipimo vya kupimia dagaa. Kwa miaka mingi machinga walijaa pande zote, nguo za mtumba zikining'inia hadi kwenye nyaya, na hekalu la Wahindi liko palepale katikati ya kelele. Wakikubishia bei, bisha nawe. Ukinunua, sema "wabeja sana", yaani asante sana kwa Kisukuma, utaona sura inavyobadilika.

Lakini kwa nini ukale haukupanda milimani? Jibu ni mawe. Graniti ya Mwanza ina umri wa zaidi ya miaka bilioni mbili. Ilipoa chini ya ardhi, ikapasuka kwa mistari ya wima na ya ulalo, kisha maji yakapenya kwenye nyufa na kula kingo kwa muda mrefu sana. Udongo ulipomomonyoka, vilibaki viini vya mviringo vimepandana jiwe juu ya jiwe. Anayetaka kujenga duka la ghorofa hapendi kuanza na baruti. Mkoloni alijichagulia penye upepo na nafasi, Capri Point na Isamilo, Wahindi wakabaki mjini, na Mwafrika aliyekuja kutafuta kazi akasukumwa pembeni. Baada ya Uhuru, watu walipomiminika, vilima kama vya Igogo na Mabatini vikajaa nyumba zilizoegemea majabali. Msingi huko hauchimbwi, unatafutiwa jiwe la kulalia. Shida ni choo cha shimo, maana mwamba hauchimbiki, na ndiyo sababu mamlaka ya maji, MWAUWASA, imekuwa ikipitisha mabomba membamba ya majitaka katikati ya nyumba za mlimani. Mwongozaji mwenyeji wa mtaa atakupandisha kwa vichochoro hivyo. Wewe peke yako usijaribu, utatokea jikoni kwa watu.

Ukipata nguvu, chukua bajaji hadi mwaloni Kirumba, mahali boti za uvuvi zinaposhusha mzigo. Hapo si mji wa kale kwa majengo, ila biashara yake ni ileile ya zamani ya kuleta kitu kwa maji na kukitoa kwa nchi kavu. Magunia ya dagaa yanatoka visiwani, yanapimwa, yanapakiwa kwenye malori, mengine yanaishia Kongo. Nenda wakati mwezi ni mpevu na utakuta mzigo umepungua, kwa kuwa dagaa huvuliwa usiku kwa kufuata mwanga wa taa, na mbalamwezi inaipiku taa ya mvuvi.

Kutoka Capri Point utaona kisiwa cha Saanane, kilichoanza kama bustani ya wanyama mwaka 1964 na kufanywa hifadhi ya taifa mwaka 2013. Machi 1979, wakati wa vita vya Kagera, ndege ya Libya iliyomsaidia Idi Amin ilikuja kulipua matangi ya mafuta ya Mwanza. Ikakosa shabaha, bomu likaangukia kisiwani, wakafa swala.

Kuna kitu hutakikuta kwenye matembezi haya, nacho ni Wasukuma wenyewe. Mji wa bandarini ulikuwa wa wageni. Wenyeji walikaa kwenye kaya zao zilizotawanyika mashambani, na ikulu za watemi wao zilikuwa huko. Historia yao imehifadhiwa Bujora, Kisesa, kwenye barabara ya Musoma, katika makumbusho yaliyoanzishwa na Padri David Clement kutoka Kanada. Huko panahitaji siku yake. Ukiweza, nenda Juni wakati wa sherehe za Bulabo, vikundi viwili vya ngoma, Bagika na Bagalu, vinaposhindana. Ngoma huchezwa kwa wakati mmoja uwanja mmoja, na aliyevuta watu wengi zaidi upande wake ndiye mshindi. Wachezaji wakitoa nyoka, kaa mbali kidogo na mstari wa mbele.