Boksi limeandikwa 4K, kioo hakina

Kila wiki mtu ananisimamia kaunta na boksi la TV ya inchi 32, kidole juu ya stika: "Fundi, hii si ni 4K?" Hapana, mzee wangu. Inchi 32 za bei ya chini karibu zote zina kioo cha pikseli (vile vinukta vinavyounda picha) 1366 kwa 768, na 4K ni 3840 kwa 2160. Stika inamaanisha bodi, yaani saketi ya ndani, inaweza kusoma faili la 4K. Ikishalisoma, inalibana mpaka liingie kwenye kioo kilekile kidogo, kama kumwaga ndoo kwenye kikombe. Aliyeandika hajasema uongo, ila alijua vizuri utamwelewaje.

Haya, tuseme umepata inchi 43 yenye 4K ya kweli. Kochi liko umbali gani? Kwa ukubwa huo, pikseli ya Full HD (1920 kwa 1080) ina upana wa nusu milimita hivi, na jicho zima haliwezi tena kuzitenganisha ukipita takriban mita 1.7. Usinibane kwa sentimita, macho hayafanani, lakini sebuleni kwako umekaa mita tatu, kwa hiyo 4K na Full HD utaziona sawa. Na king'amuzi umekiunga kwa zile waya tatu, njano, nyeupe na nyekundu, ambazo HD hazipitishi hata uzisomee dua. Kama kina tundu la HDMI, anza na waya huo.

Kwenye bei hizi, TV nzuri utaijua kwa weusi wake. Kioo cha LCD hakitoi mwanga. Taa za LED zinawaka nyuma yake na chenyewe kinajaribu kuzizuia. Aina unazokutana nazo ni mbili, VA na IPS. Cha VA kinazuia vizuri, nyeupe yake ikaizidi nyeusi mara 3000 au zaidi. Cha IPS ni mara 1000 hivi, ndiyo maana filamu ya usiku inakuwa ya kijivu. Ila VA ukiitazama kutoka pembeni inapauka, IPS inavumilia. Vitabu vinakata shauri haraka: familia kubwa, chukua IPS. Mimi bado nasitasita. Mchana dirisha likiwa wazi, zote mbili nyeusi yake ni kijivu, na VA naionea raha taa za sebule zikizimwa tu. Sasa kwenu nani anazima taa?

Kinachoniudhi hasa ni kwamba boksi halitaji aina ya kioo. Tena modeli ileile yaweza kutoka kiwandani na kioo tofauti, kutegemea kilichopatikana, kwa hiyo sifa ulizosoma mtandaoni huenda ni za TV nyingine kabisa. Hata mimi siwezi kukuapia kabla haijawashwa. Nenda dukani na fleshi yenye picha mbili: moja nyeusi tupu, moja ya kijivu tupu. Muuzaji atakuwekea video ya kasuku na matunda. Mshukuru, chomeka yako. Kwenye nyeusi kagua kona, mwanga unavuja? Kwenye kijivu tafuta mistari na madoa, maana ndiyo yatakayotembea juu ya nyasi kamera ikifuata mpira siku ya Simba na Yanga. Kisha sogea pembeni uangalie tena.

HDR, ile picha yenye mwanga mkali zaidi na weusi mzito zaidi, isikusumbue. Filamu nyingi za HDR huandaliwa kwa mwanga wa niti (kipimo cha mwangaza) 1000 na kuendelea, TV hizi hutoa 250 au 300. Inaipokea, haiwezi kuionyesha.

Mfumo: ulizia Google TV halisi, si Android ya kupachika isiyo na kibali cha Google. Ile ya kupachika, Netflix inaweza kugoma au kukupa picha hafifu hata bando likiwa nene. RAM (kumbukumbu ya kufanyia kazi) ya GB 1 ni ndogo, kwa kusubiri itakuzeesha.

Ukifika nyumbani, ingia kwenye mipangilio ya picha, toa "Vivid". "Sharpness" ishushe sana, ndiyo inayomchora mtangazaji mstari mweupe kuzunguka kichwa. Halafu "Backlight", nguvu ya zile taa za nyuma ya kioo, ambayo wengi hawaigusi kabisa. Taa za ndani zimeungwa kwa mfululizo na TV za bei rahisi huzisukuma kwa nguvu. Moja ikikatika, mkondo mzima unazima. Ndizo mnazoniletea mkisema sauti ipo, picha hakuna. Mulika kioo kwa tochi ya simu, utaona watu wanatembea gizani. Kwa hiyo "Backlight" ishushe kutoka 100 hadi 60. Watoto watalalamika kwamba TV imefifia. Ficha rimoti siku mbili.