Kuunganisha fankisheni: kipi kinatangulia, na kwa nini

Fankisheni ni kanuni: ukiipa namba inakurudishia namba moja tu, na ukiipa namba ileile kesho, jibu ni lilelile. Tukiandika f(x) = 2x + 3, tunasema: chukua ulichopewa, zidisha kwa 2, kisha jumlisha 3. Hapa x si namba ya siri inayotafutwa kama kwenye mlinganyo. Ni nafasi tu, ya kuwekea chochote kitakachokuja. Kwa hiyo f(4) = 2(4) + 3 = 11.

Kuunganisha fankisheni ni kuchukua jibu la moja na kulitia kwenye nyingine. Tuseme g(x) = x². Ukiulizwa f(g(4)), anza ndani ya mabano: g(4) = 16, halafu f(16) = 35. Ukigeuza, g(f(4)), unaanza na f(4) = 11, kisha g(11) = 121. Fankisheni ni zilezile na namba ni ileile, lakini majibu yako mbali kabisa.

Vitabuni f(g(x)) huandikwa pia (f∘g)(x). Kiduara hicho kinawaponza wengi, kwa namna mbili. Wengine hukiona alama ya kuzidisha, wakapata 11 × 16 = 176. Wengine hufuata mazoea ya kusoma kutoka kushoto, wakaanza na f. Angalia x imekaa wapi: iliyo jirani nayo ndiyo inayoipokea kwanza, na hapa jirani ni g.

Jambo hili linagusa pesa. Bidhaa ya shilingi 50,000 ina punguzo la shilingi 5,000, na VAT ni 18%. Punguzo likitangulia: 45,000 × 1.18 = 53,100. Kodi ikitangulia: 59,000 − 5,000 = 54,000. Tofauti ni shilingi 900, ambayo ni 18% ya lile punguzo, yaani kodi iliyotozwa kwenye pesa ambayo mteja alikwisha kupunguziwa. Punguzo lingekuwa 10% badala ya kiasi maalumu, mpangilio usingebadili kitu, kwa sababu kuzidisha kwa 0.9 na kwa 1.18 kunaleta jibu moja utakakoanzia kokote.

Unapounganisha herufi badala ya namba, ingiza kanuni nzima ikiwa ndani ya mabano. g(f(x)) = (2x + 3)², na ukiyafungua mabano unapata 4x² + 12x + 9. Anayeandika 4x² + 9 amepoteza 12x. Ajipime kwa x = 4: kanuni yake itampa 73, wakati jibu tulishaliona, 121. Kipimo hiki cha namba moja hakichukui hata dakika, na hunasa makosa mengi.

Namba hasi nazo zinadai mabano. g(−3) ni (−3)² = 9. Ukibonyeza −3² kwenye kikokotoo cha kisayansi, kwa kawaida utapata −9, kwa kuwa kipeo kinafanywa kabla ya alama ya kutoa. Excel ukiiandikia =-3^2 inakupa 9. Weka mabano mwenyewe, usiiachie mashine ikuamulie.

Linalosahaulika zaidi ni namba zipi zinaruhusiwa kuingia. Chukua h(x) = √x na k(x) = x − 5. h(k(9)) = √4 = 2. Lakini h(k(2)) ni √(−3), na katika namba halisi haina jibu: k imepokea 2 vizuri, ila ilichotoa kimekataliwa na h. Basi h(k(x)) inahitaji x isiwe chini ya 5. Mtego mkubwa zaidi ni g(h(x)) = (√x)², ambayo ukiirahisisha inabaki x peke yake. Kwa sura inaonekana kama inapokea kila namba. Ijaribu kwa −4: hatua ya kwanza kabisa ni √(−4), na hapo kazi imekwama kabla g haijafikiwa. Tafuta masharti kabla ya kurahisisha, kwa sababu ukisharahisisha hutayaona tena.