Je, wajua kwa nini gemu humtisha hata mtu anayejua kwamba ni gemu tu?

Mvua ya masika ilikuwa ikiyapiga mabati ya nyumba yetu ya Majengo, mjini Moshi, na mimi nilikuwa nimesimama kwa dakika tatu nzima mbele ya mlango mmoja wa mbao nisiothubutu kuufungua. Mlango wenyewe haukuwa Majengo. Ulikuwa ndani ya kompyuta, katika ngome ya Brennenburg ambayo watunzi wake wameiweka Prussia, dola ya zamani ya Wajerumani, ya mwaka 1839, na mtu aliyesimama mbele yake, Daniel, alikuwa amepoteza kumbukumbu zake zote isipokuwa jina lake na mambo machache mengine. Mpwa wangu wa kidato cha nne, aliyekuwa amejilaza kwenye kochi akinitazama, alivumilia kadiri alivyoweza, kisha akauliza: “Mjomba, si gemu tu hii? Mbona husogei?”

Swali lake lilikuwa la haki, na jibu la haraka nililompa usiku ule halikuniridhisha hata mimi. Gemu hiyo ni Amnesia: The Dark Descent, iliyotolewa Septemba 2010 na kampuni ndogo ya Uswidi iitwayo Frictional Games. Huchezwa kwa nafsi ya kwanza, yaani mchezaji hamwoni mhusika kwa mbali kama anavyowaona wachezaji wa mpira katika gemu za kandanda, bali kioo cha kompyuta ndicho macho ya mhusika, na kinachoonekana mbele yake ni mkono unaoshika kandili. Nilijua yote hayo. Nilijua pia kwamba zimwi lililomo humo ni michoro na hesabu, na kwamba haliwezi kutoka likanifuata jikoni. Hata hivyo viganja vyangu vilikuwa vimelowa jasho.

Sehemu ya kwanza ya jibu wahenga walikwisha kuisema: mwenye kuumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Mtaalamu wa ubongo wa Marekani, Joseph LeDoux, alieleza jambo hilohilo kwa njia ya maabara, na mfano wake maarufu ni wa mtu anayepita porini akaona njiani kitu chembamba kilichojikunja. Habari kutoka machoni na masikioni hufika kwanza kwenye kituo cha ndani ya ubongo kiitwacho thalamasi, na kutoka hapo hushika njia mbili. Njia fupi huenda moja kwa moja hadi amigdala, kiungo kidogo chenye umbo la lozi ambacho kazi yake mojawapo ni kupiga kengele ya hatari. Njia ndefu hupitia kwanza gamba la ubongo, ambako kitu hupimwa kwa makini na kutambuliwa kwamba ni nyoka au ni kijiti tu. Njia fupi haina makini lakini ina haraka, na mtu huruka kabla hajajua amerukia nini. Tezi zilizo juu ya figo hutoa adrenalini, moyo huenda mbio, mboni za macho hutanuka, na damu hukimbilia kwenye misuli ya miguu ambayo, kwa mchezaji wa gemu, imetulia chini ya meza bila kazi yoyote. Ule ujuzi wa kwamba “hii ni gemu” unakaa kwenye njia ndefu. Hufika, lakini hukuta kengele imekwisha kulia.

Lakini maelezo hayo yanatosha kwa kushtuka tu, na mimi mbele ya ule mlango sikuwa nimeshtuka. Hakuna kitu kilichonirukia. Kiswahili kimetuachia neno zuri kwa hali niliyokuwa nayo, nalo ni wahaka, yaani ile hofu ya kungoja jambo ambalo bado halijafika. LeDoux mwenyewe amesisitiza katika maandishi yake ya baadaye kwamba kengele ya amigdala si hofu yenyewe, na kwamba hisia ya kuogopa hujengwa na zile sehemu za ubongo zinazofikiri, kukumbuka na kubashiri. Gemu za bei nafuu hutegemea kushtua: sura ya kutisha inatokea ghafla na ukelele, na baada ya mara ya nne mchezaji anapiga miayo. Gemu ya kutisha ya kisaikolojia hufanya kazi ngumu zaidi, kwa kuwa humfanya mchezaji ajishughulishe kwa hiari yake kutengeneza kitu cha kuogopa.

Hapa ndipo nafsi ya kwanza inapotofautiana na filamu. Aliyewahi kuangalia filamu ya kutisha kwenye kibanda umiza anajua kwamba hofu ya mle ndani ina wenzio: kuna watu sitini kwenye mabenchi, kuna sauti ya mfasiri anayetia chumvi na utani juu ya kila tukio, na ukiona mambo yamekuwa mazito unafunika uso kwa kiganja mpaka wengine wapumue. Filamu itaendelea bila wewe. Gemu haiendelei. Ukifunika uso, Daniel atasimama palepale kwenye giza akikungoja, na hakuna hatua hata moja itakayopigwa ambayo hukuiamuru kwa kidole chako. Kwa maneno mengine, katika filamu mtu mjinga anashuka kwenye handaki huku wewe ukimlaumu, na katika gemu mjinga huyo ni wewe, tena umeshuka kwa akili timamu.

Watengenezaji wa Amnesia waliliendeleza wazo hilo hadi kwenye vitasa vya milango, na kwa maoni yangu huo ndio ufundi wao mkubwa kuliko hata mazimwi yao. Katika gemu nyingi mlango hufunguka kwa kubonyeza kitufe kimoja. Katika ngome ya Brennenburg unaukamata mlango kwa kushikilia kitufe cha kipanya, kisha unauvuta au kuusukuma kwa kusogeza mkono wako halisi juu ya meza. Ukisogeza taratibu, mlango unafunguka taratibu na kulia bawaba. Unaweza kuacha upenyo wa vidole viwili ukachungulia. Unaweza pia, zimwi likiwa nyuma yako, kuuvuta kwa nguvu upande usio wake kwa sababu ya kiherehere, kama anavyofanya mtu aliye na funguo kumi mkononi na mbwa nyuma yake. Ubongo wa binadamu hukubali kwa urahisi wa ajabu kuongezewa kiungo kisicho chake: mwaka 1998 watafiti Matthew Botvinick na Jonathan Cohen walionyesha kwamba mtu akiuona mkono wa mpira ukipapaswa kwa brashi mbele yake wakati mkono wake halisi, uliofichwa, unapapaswa vivyo hivyo kwa wakati uleule, baada ya muda huanza kuuhisi ule wa mpira kuwa ndio wake. Mkono unaosogea kwenye kioo kila usogezapo wa kwako una bahati ya namna hiyohiyo.

Kisha kuna suala la macho. Macho mawili ya binadamu huona eneo la nyuzi 200 hivi kutoka upande mmoja hadi mwingine, ingawa pembeni huona kwa ukungu. Ukitembea katika Msitu wa Rau, pale kando ya mji wetu, kima akiruka tawi upande wako wa kulia utamjua kabla hujageuza shingo. Gemu ya nafsi ya kwanza kwa kawaida hukuonyesha nyuzi 60 hadi 90 tu, na hizo zimebanwa ndani ya kioo kidogo. Ni kama mtu aliyeingizwa kwenye nyumba asiyoijua huku akitazama kupitia bomba. Pembe zote za jicho, ambazo ndizo mlinzi wetu wa tangu enzi, zimechukuliwa, na kila ukigeuka kutazama kushoto unajua kwamba umeupa kulia mgongo.

Jicho likifungwa kamba hivyo, sikio hupewa ulinzi wote. Ndiyo maana gemu hizi hukushauri uvae hedifoni. Sauti inayotoka upande wa kushoto hufika kwenye sikio la kushoto kabla ya la kulia, na ingawa tofauti hiyo haifiki hata sehemu moja ya elfu ya sekunde, ubongo huitumia kujua mahali mtu alipo. Hedifoni huweza kuiiga tofauti hiyo, na hapo nyayo zinazoburuzwa hazitoki tena kwenye kompyuta, bali zinatoka nyuma ya bega lako. Ukelele nao una siri yake: utafiti uliochapishwa mwaka 2015 ulionyesha kwamba mayowe ya binadamu hutofautiana na sauti nyingine kwa mkwaruzo wake, yaani nguvu ya sauti hupanda na kushuka kati ya mara 30 na 150 kwa sekunde, na kwamba mkwaruzo huo ndio unaoiamsha amigdala. Watengenezaji hawahitaji kupiga yowe. Wanaweza kuutia mkwaruzo kidogo kwenye sauti ya mlango. Nami usiku ule nilikuwa na msaada nisiouomba, kwa kuwa tone la maji lililokuwa likidondoka sikuweza kuamua kama ni la ngome ya Prussia au la bomba letu la bafuni.

Tuje kwenye zimwi lenyewe, kwa kuwa wahenga pia walisema kwamba zimwi likujualo halikuli likakwisha, na yote wanayofanya watunzi wa gemu hizi ni kuhakikisha kwamba zimwi na mchezaji hawazoeani. Katika Amnesia kulitazama zimwi hupunguza utimamu wa akili ya Daniel, picha ikaanza kuyumba na meno yakasikika yakisagana, kwa hiyo mchezaji mwenye busara hujibanza kwenye kona na kuukodolea macho ukuta. Unamkimbia mtu ambaye hujamwona vizuri. Ndani ya handaki lililofurika maji kuna kiumbe kisichoonekana kabisa; unachokiona ni maji yakirushwa na hatua zake, yakija upande wako. Na ukifa, mara nyingi zimwi lililokuua huwa halipo tena pale lilipokuwa, kwa sababu watengenezaji walitambua kwamba anayefia mahali pamoja mara tano huacha kuogopa na kuanza kukasirika.

Wengine walilitatua jambo hilo kwa hesabu. Katika Alien: Isolation, iliyotolewa mwaka 2014 na kampuni ya Uingereza ya Creative Assembly, kiumbe kinachomwinda mchezaji kina, tuseme, akili mbili. Moja inajua wakati wote mahali ulipo, lakini hairuhusiwi kukufikia. Kazi yake ni kukidokeza kiumbe kielekee upande gani, au kukiondoa kidogo ukionekana umebanwa mno. Nyingine ndiyo kiumbe chenyewe, nacho hakijui lolote ila kinachoona na kusikia. Matokeo yake ni kwamba kiumbe huwa karibu nawe kila mara bila kuonekana kama kimeibia. Mwaka huohuo kampuni ya Kijapani ya Konami iliweka mtandaoni gemu fupi ya mashine ya PlayStation 4 iitwayo P.T., chini ya usimamizi wa mtunzi wa gemu Hideo Kojima, ambayo karibu yote ni ujia mmoja wa nyumba wenye kona moja, ukiupita na kurudi mwanzoni tena na tena. Wachezaji walilalamika kwamba walihisi mtu nyuma yao. Mwaka 2019 fundi mmoja aliyeifungua programu hiyo na kuigeuza kamera alikuta kwamba, tangu mchezaji anapopata tochi, yule mwanamke wa kutisha kweli amewekwa mgongoni pake na anakwenda naye.

Juu ya yote hayo, katika nyingi ya gemu hizi hupewi silaha. Katika Outlast ya mwaka 2013, kazi ya Red Barrels ya Montreal, unachokuwa nacho ni kamera inayoona gizani, na kila dakika ya kuona inakula betri. Aliyewahi kukodolea macho mita ya umeme ya LUKU usiku wa Jumapili ikiwa imebakiza uniti mbili anaelewa hesabu hiyo bila kuelezwa. Kwa Daniel ni mafuta ya kandili na vikasha vya kuwashia moto: ukiwasha taa unajimaliza mafuta na kujionyesha, ukikaa gizani akili inapungua. Hakuna chaguo salama, na mtu asiye na chaguo salama hukaa akipiga hesabu, na kupiga hesabu za hatari ndiko kuogopa kwenyewe.

Kwa nini basi mtu arudie kesho? Mwanasaikolojia Dolf Zillmann alieleza kwamba msisimko wa mwili hauzimiki kama taa. Hupoa polepole, na hisia inayofuata huurithi. Ukivuka salama, nafuu unayopata hubebwa na moyo ambao bado unakwenda mbio, na kwa hiyo huwa tamu kuliko stahili yake. Si kila mtu huipata. Kuna wanaopata kichefuchefu tu, kwa kuwa macho yanauambia ubongo kwamba tunatembea na sikio la ndani, ambalo hupima mwendo wa mwili, linakana, na hao afadhali wasijilazimishe.

Nilipokwisha kumweleza mpwa wangu mengi ya haya, aliomba kipanya. Alivaa hedifoni akicheka, akaushika ule mlango, akausogeza upenyo wa vidole viwili, kisha kicheko kikaisha. Alichungulia kwa muda mrefu. Ndani mlikuwa na mapipa mawili na kikasha kimoja cha kuwashia moto. Aliingia, akakiokota, akageuka kuutazama ujia tuliokuwa tumeupita wote wawili bila kukuta kitu, halafu akaufunga mlango kwa ndani.