Ushahidi: programu inayodhaniwa kuwa mwokoaji

Wengi waliosikia habari za Ushahidi, programu iliyozaliwa Kenya mwezi Januari 2008 katikati ya ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, hudhani kwamba ukishatuma taarifa, msaada unakuja. Sivyo. Programu hiyo hupokea taarifa, huzipanga na kuzionyesha kwenye ramani. Haina gari la wagonjwa wala kikosi cha uokoaji. Baada ya tetemeko la Haiti la Januari 12, 2010, walioathirika walituma ujumbe mfupi kwa namba 4636, lakini ujumbe huo wa Kikrioli ulitafsiriwa kwanza na Wahaiti walioko ughaibuni, kisha watu wa kujitolea, wakiwamo wanafunzi wa eneo la Boston, wakatafuta mtaa uliotajwa na kuuweka kwenye ramani, ndipo waokoaji wakaweza kuutumia.

Wapo pia wanaodai kwamba asiye na simu janja hana nafasi humo. Namba hiyo ya 4636 inatosha kuwajibu, kwa kuwa simu ndogo ya kawaida iliweza kuitumia.

Dhana inayonisumbua zaidi ni ile ya kuitazama ramani kana kwamba ni picha kamili ya maafa. Panapoonekana alama nyingi, watu husema hapo ndipo palipoumia zaidi, ilhali wingi wa alama huonyesha kwanza kwamba hapo pana mtandao, pana chaji na pana watu wanaoijua namba ya kutuma. Kijiji ambacho mnara wake wa simu umeanguka hakitoi alama hata moja. Tena, alama iliyopo huenda imetokana na uvumi, na ndiyo maana mfumo unamruhusu msimamizi kutenganisha taarifa iliyothibitishwa na isiyothibitishwa. Jina lenyewe linatukumbusha kwamba huu ni ushahidi, nao hupimwa kabla ya hukumu.

Kwa upande wa wasanidi, yaani watengenezaji wa programu, wapo wanaokosea kudhani kwamba programu huria haina gharama. Ni kweli kwamba msimbo wake, yaani maagizo ya kompyuta yanayoiunda, uko wazi na yeyote anaweza kuuchukua na kuubadilisha. Hata hivyo, seva, yaani kompyuta inayoihifadhi na kuiendesha mtandaoni, hulipiwa, namba fupi huombwa kwa kampuni za simu mapema, na wahakiki hufundishwa na kupangiwa zamu kabla ya ujumbe wa kwanza kuingia. Kazi hizo hazimo ndani ya msimbo unaopakuliwa.