Weka sururu chini: dhana potofu ninazozisikia kila safari ya Kwihara

Jumamosi iliyopita tulikuwa hatujaiacha lami ya mjini Tabora, abiria mmoja wa kiti cha nyuma akaniinamia begani: "Dada, ile dhahabu ya Mjerumani iko upande gani wa jengo?" Wenzake wakacheka, kisha wakanyamaza wote kusubiri jibu. Nikajua ameuliza kwa niaba ya gari zima.

Naongoza wageni Kwihara na vijiji vinavyoizunguka kwa miaka kadhaa sasa. Swali hilo nimeulizwa na walimu, wafanyabiashara, wanafunzi wa chuo, hata na bwana harusi aliyekuja kuwatembeza wakwe zake. Nimelichoka. Naandika ili anayekuja aje jibu analo, muda wa safari tuutumie kwa yale yaliyopo.

Kwa asiyeijua, ni safari ya siku moja tu. Kwihara haifiki kilomita kumi kutoka mjini. Tunaondoka asubuhi jua halijakaza, tunaliona Tembe la Livingstone, nyumba ya udongo mahali alipokaa yule mpelelezi Mskochi, tunapita kwenye vilima vya mawe na mabaki ya kuta za udongo za makazi ya zamani, na alasiri mmerudi mjini kula.

"Mjerumani alizika dhahabu, na alama zipo"

Hadithi yenyewe kila mtu huisimulia vilevile. Vita ilipowazidi, Wajerumani walizika dhahabu chini ya majengo na miti, wakachonga alama kwenye mawe, wakaondoka na ramani, na wajukuu wao hurudi wakijifanya watalii. Hakuna gofu mkoani kwetu ambalo halijabebeshwa hadithi hii, hata yale ambayo Mjerumani hakuyajenga wala hakuyakalia. Bendera ya Kijerumani ilipandishwa Tabora mwaka 1890. Livingstone alikuwa ameshakaa Kwihara na kuondoka miaka 18 kabla ya hapo. Makazi ya Kwihara yalikuwa ya wafanyabiashara wa misafara, Waarabu na Waswahili, na ya wenyeji Wanyamwezi. Unachimbaje mali ya Mjerumani kwenye nyumba ya Mwarabu?

Kinachonipa kazi ni kwamba hadithi hii ina chembe ya ukweli, na chembe hiyo ndiyo inayowapoteza watu. Ni kweli kabisa kwamba Tabora ilitengenezwa sarafu ya dhahabu. Ilikuwa mwaka 1916, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza. Meli za Waingereza zilikuwa zimeifunga pwani, fedha kutoka Ujerumani haziingii, na serikali ya kikoloni ikaishiwa sarafu za kulipia askari na bidhaa. Karakana ya reli ya Lulanguru, mashariki ya mji, ikageuzwa kiwanda cha fedha. Dhahabu ilitoka mgodi wa Sekenke, kule Iramba. Ikatoka sarafu ya rupia 15 yenye tembo aliyenyanyua mkonga, mlima nyuma yake, tai upande wa pili, na herufi T ya Tabora.

Sasa tupige hesabu, maana hapa ndipo watu hawapendi kufika. Sarafu hizo zilikuwa elfu 16 na mia na kitu. Kila moja ina uzito wa gramu saba na ziada kidogo, na robo yake si dhahabu. Zikusanye zote, hata moja isibaki nje, hupati kilo 120. Mpagazi wa Kinyamwezi wa enzi zile alibeba frasila mbili, yaani kilo 32 hivi. Kwa hiyo "hazina ya Tabora" yote nzima ingetosha kwenye vichwa vya wapagazi wanne. Na watu wanataka niamini kwamba mzigo wa watu wanne umezikwa Kwihara, ukazikwa Urambo, ukazikwa Sikonge, ukazikwa chini ya kila mwembe kuanzia hapa mpaka Kigoma!

Tena zilitengenezwa ili zitumike. Zilitoka, zikalipa, zikasambaa. Leo ziko mikononi mwa watu wanaokusanya sarafu za kale, na zinauzwa kwenye minada ya nje.

Karakana ileile ilitoa pia sarafu ndogo za shaba, za heller 5 na heller 20, nyingi mno. Neno hilo heller ndilo babu wa "hela" tunayoitamka kila siku. Shaba yake ni ya njano, na ukiisugua inang'aa mpaka inatisha. Mzee mmoja alinisubiri njiani na yake ameifunga kwenye kona ya kitambaa, mafundo mawili. Aliifungua taratibu, akiangalia huku na huku. Ameisugua kwa majivu mpaka maandishi ya pembeni yameanza kufutika. Nikamwambia, "Shikamoo babu, hii ni heller 20, ni shaba." Akaigeuza, akanitazama: "Mwanangu, umeiangalia vizuri?" Niliiangalia mara tatu kwa heshima yake. Kilichoniuma ni yale majivu: asingeisugua, ingekuwa na thamani zaidi kwa mkusanyaji.

Wengine hunijibu kwa MV Liemba, ile meli ya Ziwa Tanganyika. "Mbona meli waliizamisha wenyewe Kigoma, wakaipaka grisi ili warudi kuichukua?" Ni kweli. Iliitwa Graf von Goetzen, wakaizamisha Julai 1916, injini zimepakwa grisi. Waingereza wakaiibua 1924, na 1927 ikarudi kazini. Lakini meli huwezi kuibeba begani ukikimbia jeshi la Wabelgiji. Dhahabu ya kilo chache unaibeba. Mfano huo hauthibitishi kwamba walizika. Unaonyesha kwamba waliacha kile wasichoweza kuondoka nacho.

Na hizo "alama"? Nimeonyeshwa nyingi. Mstari wa matundu yaliyolingana kwenye jiwe ni kazi ya wapasua mawe waliotaka mawe ya kujengea. Kipande cha zege chenye namba ni bikoni ya wapima ardhi. Vishimo vilivyopangwa safu mbili au nne juu ya mwamba ni bao, watu walikaa hapo wakacheza. Shimo pana, laini kama bakuli, ni mahali akina mama walipotwanga na kusaga nafaka mpaka jiwe likaliwa. Mimi shimo hilo hunigusa kuliko dhahabu yoyote. Weka kiganja ndani yake uhisi ulaini wake, ufikirie ni mikono mingapi imelifanya hivyo. Mwaka juzi nilikuta mtu amelipasua moja kwa nyundo kutafuta kilicho chini. Chini kulikuwa na jiwe.

Ubaya wa hadithi hii hauishii kwenye kupotezeana muda. Ukuta wa udongo hauogopi jua, na mvua ya juu huivumilia ukikarabatiwa. Unachokiogopa ni maji kukaa miguuni. Mchimbaji akija Oktoba, ardhi kavu, akachimba shimo la kiuno chini ya ukuta, halafu mvua zikaanza Novemba, shimo linajaa, udongo wa chini unalegea, na kabla ya Januari ukuta umelala. Nimeshuhudia hivyo kwa ukuta ambao nilikuwa nikiwaonyesha wageni alama za vidole vya waliokandika. Vidole vya watu, viko pale zaidi ya miaka mia, vikaisha msimu mmoja.

Pembeni ya shimo lile kwenye kifusi niliokota shanga moja ya bluu na kipande cha gae. Kama zingebaki zilipokuwa, mtaalamu wa mambo ya kale angesoma tabaka la udongo, akajua kipi kilitangulia, shanga ilikuja na watu gani, gae ni la hapa au la mbali. Zikishatupwa kwenye kifusi hazisemi tena. Ndiyo maana Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inakataza kuchimba maeneo haya bila leseni. Mgeni wangu akipakia sururu au kile kifaa cha kupimia madini, gari haliondoki. Nimeshamrudisha mtu nyumbani na nauli yake.

Kuhusu wanaouza ramani na wanaosaka "zebaki nyekundu" kwenye mashine za cherehani za zamani: zebaki ni kioevu cheupe king'aacho kama fedha, nayo ni sumu. Hiyo nyekundu inayouzwa kwa mamilioni ni utapeli mtupu. Nimeona kiwanja cha familia kikiuzwa kwa ajili ya ramani iliyochorwa kwa kalamu ya wino kwenye karatasi iliyolowekwa chai. Naomba mnisikie kwa hilo tu, hata kama hamtakuja Kwihara maishani.

"Hapa ndipo Stanley alipokutana na Livingstone"

Hapana. Stanley, mwandishi wa habari aliyetumwa kumtafuta Livingstone, alimkuta Ujiji, Novemba 1871. Kwihara walifika pamoja Februari 1872, wakakaa hadi Machi, Stanley akashika njia ya pwani na Livingstone akabaki akisubiri wapagazi mpaka Agosti. Ukitaka mwembe na mnara wa Ujiji, panda treni ya Kigoma.

"Tembe si lenyewe, tumedanganywa"

Jengo mnaloliona lilijengwa upya katika miaka ya 1950. Hilo nalisema mlangoni kabla hatujaingia, na bado wapo wanaokunja uso. Tembe ni nyumba ya miti na udongo, paa lake bapa nalo ni la udongo, na nchi yetu ina mchwa. Nyumba ya namna hiyo isipotunzwa na kujengwa upya haifiki kwa wajukuu. Ingia ndani, simama uani, sikia ubaridi wa kuta nene wakati nje jua linachoma. Mpango wa vyumba kuzunguka ua ndio utakaokuambia watu waliishi vipi, pamoja na mizigo na ulinzi wao.

"Nina simu, mwongozaji wa nini?"

Simu itakufikisha. Haitakuonyesha kwamba tuta ulilolikanyaga ni ukuta, wala haitakuombea njia kwa mwenye shamba la karanga unalokatisha. Sisi tukifika tunasema "Mwangaluka" kwanza, tunaitikiwa, ndipo tunapita. Vaa viatu vya kufunika, si ndala. Beba maji lita mbili kila mtu, maana Septemba na Oktoba huku si mchezo. Na ukipita sokoni nunua matobolwa, viazi vitamu vilivyochemshwa na kukaushwa. Inasemwa mji wetu umepata jina kutokana na hayo, nayo hukaa tumboni kuliko biskuti mnazobeba. Usiegemee ukuta. Hata kwa picha. Hata kidogo.

"Wapagazi wote walikuwa watumwa"

Biashara ya utumwa ilipita hapa, na sitaki mtu yeyote aipunguzie uzito. Watu walifungwa, wakauzwa, wakafa njiani. Lakini mpagazi wa Kinyamwezi aliyebeba pembe hadi Bagamoyo kwa kawaida alikuwa mtu aliyepanga ujira wake, akalipwa kwa nguo za merikani na ushanga, na msafara ukimchezea aliuacha. Ilikuwa kazi yenye sifa, kijana alirudi kwao ametembea nchi. Wajukuu wao ndio wanaotukaribisha maji vijijini. Kuwaita wote watumwa ni kuwanyang'anya jasho lao mara ya pili.

"Kaburi la Livingstone liko wapi?"

Haliko hapa, na moyo wake hauko hapa pia. Alifariki Mei 1873 katika kijiji cha Chitambo, nchi ambayo leo ni Zambia, na moyo wake ukazikwa huko chini ya mti. Mwili ukakaushwa, ukafungwa, na watu wake wakiongozwa na Susi na Chuma wakaanza kuubeba kuelekea pwani. Wengi wao walikuwa wale waliotumwa na Stanley kutoka pwani, ambao Livingstone aliwasubiri Kwihara miezi yote ile.

Kwa hiyo alirudi huku, akiwa maiti. Oktoba 1873 msafara ulifika Unyanyembe, yaani eneo hili letu la Tabora, ukamkuta Cameron, ofisa wa Kiingereza aliyetumwa kumsaidia Livingstone. Yeye akawashauri wamzike hapahapa, njia ya mbele ni ndefu na ya hatari. Wakakataa. Wakapumzika, wakaubeba tena, na Februari 1874 wakaingia nao Bagamoyo.