Mahekalu ya India si mali ya serikali
Wengi huamini kwamba serikali za majimbo nchini India zinamiliki mahekalu makubwa ya Kihindu. Sivyo. Kisheria, mwenye mashamba, vito na sadaka ni mungu wa hekalu, anayehesabiwa kuwa mtu anayeweza hata kufungua kesi (kupitia binadamu anayemwakilisha, bila shaka). Serikali husimamia: hukagua hesabu, huteua maofisa. Ugomvi ni usimamizi huo uishie wapi. Mwaka 1954, katika kesi ya Shirur Mutt (monasteri ya Kihindu), Mahakama ya Juu iliiruhusu serikali kudhibiti mali, lakini si kulipokonya dhehebu husika uendeshaji wote. Mwaka 2014 makuhani Wadikshitar wa hekalu la Chidambaram, jimbo la Tamil Nadu, walishinda katika mahakama hiyo hiyo: serikali ikiingilia kurekebisha ubadhirifu, dosari ikishaondolewa lazima iwarudishie uendeshaji.