Ukurasa wa kuelekeza tarehe katika kamusi elezo ya mtandaoni

Ukurasa wa kuelekeza ni ukurasa usio na makala. Kazi yake ni moja tu: kumpokea msomaji aliyeandika jina fulani na kumfikisha kwenye makala yenye jina jingine, bila yeye kubofya kitu. Kwenye tarehe, ukurasa huo ndio unaomwezesha mwanafunzi wa Jinja anayeandika "9 October", kama alivyozoea daftarini, kufika pale pale anapofika mtu wa Tanga anayeandika "9 Oktoba".

Katika Wikipedia ya Kiswahili, kurasa za siku za mwaka hutanguliza namba, kisha mwezi: 26 Januari, 3 Juni, 9 Oktoba. Hesabu kamili ya siku hizo ni 366, maana 29 Februari nayo inastahili ukurasa wake. Wikipedia ya Kiingereza imefanya kinyume: makala inaitwa "October 9", na "9 October" ndiyo inayoelekeza. Ndiyo maana makala iliyotafsiriwa kwa haraka kutoka Kiingereza hujaa viungo vya "Oktoba 9", na vyote huwa vyekundu, yaani vinaonyesha ukurasa usiokuwepo, kama hakuna aliyetengeneza ukurasa wa kuelekeza.

Kuutengeneza ni kazi ya dakika moja. Fungua ukurasa mpya wenye jina lile lisilo rasmi, tuseme "Oktoba 9", na uandike mstari huu peke yake:

#REDIRECT [[9 Oktoba]]

Mstari huo lazima utangulie kila kitu. Ukiweka sentensi yoyote juu yake, au ukisahau mabano mraba mawili kila upande, programu haitauelewa kama amri. Dalili ya kosa hilo inaonekana mara moja: msomaji anakuta "1. REDIRECT", kwa sababu alama ya # mwanzoni mwa mstari, ikiwa si sehemu ya amri, hugeuka kuwa orodha ya namba. Ukitaka kuufungua ukurasa wa kuelekeza wenyewe bila kusukumwa kwenda kwingine, fika kwanza kwenye makala, kisha ubofye jina dogo lililo chini ya kichwa, kwenye maneno ya kueleza umeelekezwa kutoka wapi. Njia nyingine ni kuongeza ?redirect=no mwishoni mwa anwani.

Herufi kubwa na ndogo ndizo zinazowasumbua wengi kwenye tarehe. Programu ya MediaWiki, inayoendesha Wikipedia, hukuza yenyewe herufi ya kwanza ya jina la ukurasa. Kwa hiyo [[oktoba]] na [[Oktoba]] ni ukurasa mmoja. Lakini katika "9 oktoba" kinachotangulia ni namba, basi hakuna cha kukuzwa, na "9 oktoba" inahesabiwa kuwa jina tofauti kabisa na "9 Oktoba". Kisanduku cha kutafuta hakina shida, kwa sababu hujaribu pia maumbo mengine ya herufi. Kiungo kilichoandikwa ndani ya makala hakina msaada huo, nacho kitabaki chekundu. Tiba hapa ni kurekebisha kiungo chenyewe. Vivyo hivyo kwa "09 Oktoba": sifuri ya mbele ni tabia ya fomu za ofisini, haina sababu ya kuingia kwenye jina la ukurasa. Nafasi mbili kati ya maneno hazidhuru, zinahesabiwa kuwa moja.

Maumbo gani basi yanastahili ukurasa wa kuelekeza? Kwa wasomaji wa Uganda, ambao wengi wamesoma miezi kwa Kiingereza shuleni, matatu yanatosha kwa kila siku: "Oktoba 9", "9 October" na "October 9". Mwezi wa mwisho unaongeza "9 Disemba" na "Disemba 9", kwa kuwa watu wengi huandika Disemba badala ya Desemba. Maumbo matatu kwa siku 366 ni kurasa 1,098, na Disemba inaleta 62 zaidi. Hakuna haja ya kuziandika kwa mkono. Pywikibot, zana ya kuendesha boti (programu inayohariri kurasa yenyewe), inaweza kuifanya kazi hiyo, mradi jumuiya ya wahariri imeelezwa na akaunti ya boti imepewa ruhusa. Boti isiyo na ruhusa hujaza orodha ya mabadiliko ya karibuni hadi uharibifu wa kweli unapita bila kuonekana. Majina ya Kiganda ya miezi, kama Musenene kwa Novemba, mahali pake ni Wikipedia ya Kiganda.

Kanuni inayotawala yote haya ni kwamba kuelekeza ni kusema "jina hili na lile ni kitu kimoja". Haimaanishi "mambo haya yanahusiana". Umbo la tarehe lenye maana mbili halielekezwi popote, hata kama maana moja ndiyo inayokujia kichwani kwanza.

Chukua "9/6". Kampala ni tarehe 9 Juni. Marekani, wanaotanguliza mwezi, ni 6 Septemba. Utata huo unakumba kila umbo lenye namba mbili zisizozidi 12 zilizo tofauti, na maumbo hayo ni 132. "26/1" haina utata kwa sababu hakuna mwezi wa 26, ila ukiruhusu baadhi na kuzuia mengine, msomaji hatajua lini atarajie nini. Heri kuyaacha yote ya aina hiyo. Mengine yana maana yake yenyewe: katika Wikipedia ya Kiingereza, "9/11" inampeleka msomaji kwenye mashambulizi ya Septemba 2001, wala si kwenye ukurasa wa siku.

Sikukuu zinahitaji uangalifu mkubwa zaidi, na hapa mhariri wa Uganda ana jukumu kwa majirani. "Siku ya Mashujaa" kwetu ni 9 Juni. Kenya ni 20 Oktoba, Tanzania ni 25 Julai. "Siku ya Uhuru" ni 9 Oktoba kwa Uganda, 12 Desemba kwa Kenya, 9 Desemba kwa Tanganyika. Anayeelekeza "Siku ya Mashujaa" kwenda 9 Juni amewafungia mlango wasomaji wa nchi mbili nzima, na wao hawana namna ya kujua kwamba walichotafuta kipo. Jina kama hilo linapewa ukurasa wa kutofautisha maana, wenye mistari mitatu, kila mmoja na nchi na tarehe yake. "Siku ya Mashujaa (Uganda)" ni salama kuelekezwa, ikiwa bado haina makala yake. Unaweza kulenga sehemu maalumu, kwa mfano [[9 Juni#Sikukuu]], lakini mtu akibadilisha kichwa cha sehemu hiyo, msomaji ataishia juu ya ukurasa. Idi na Pasaka zisielekezwe kwenye tarehe kamwe, kwani huhama kila mwaka.

Tarehe kamili yenye mwaka, kama "9 Oktoba 1962", nayo haielekezwi. Ina mahali pawili pa kwenda, siku na mwaka, na kuchagua mahali pamoja tu ni kumnyima msomaji pengine. Ndani ya makala andika [[9 Oktoba]] [[1962]], viungo viwili. "30 Februari" pia isielekezwe kwenye 1 Machi kwa kudhani ni kosa la mwandishi: Uswidi ilikuwa na tarehe hiyo mwaka 1712, ilipokuwa ikirudi kwenye kalenda ya Juliasi. Na tukio la usiku, kama uvamizi wa Israeli uwanja wa ndege wa Entebbe, lisiundiwe "3-4 Julai". Andika kwenye 4 Julai kwamba ulikuwa usiku wa kuamkia tarehe hiyo mwaka 1976, inatosha.

Wakati mwingine utakuta "Oktoba 9" na "9 Oktoba" zote zina maandishi, kila moja na matukio yake. Usifute yoyote. Hamisha kwenye "9 Oktoba" matukio yasiyokuwepo, na katika muhtasari wa uhariri utaje ukurasa ulikoyatoa, kwa sababu leseni ya Wikipedia inataka walioandika watambuliwe. Baada ya hapo geuza ule mwingine uwe wa kuelekeza. Historia yake itabaki kusomeka. Ukurasa ukiwa mmoja tu lakini jina limekosewa, tumia amri ya kuhamisha, wala usinakili maandishi na kuyabandika kwingine. Kuhamisha kunaacha nyuma ukurasa wa kuelekeza wenyewe. Kama kwenye jina jipya tayari kuna ukurasa wa kuelekeza wenye hariri moja tu na unaolenga huo unaouhamisha, mhariri wa kawaida ataweza. Ukiwa na hariri zaidi, mwombe mkabidhi, yaani mhariri mwenye mamlaka ya usimamizi.

Baada ya kuhamisha, angalia mnyororo. Kama "December 9" ilikuwa inaelekeza "9 Disemba", na sasa "9 Disemba" inaelekeza "9 Desemba", msomaji wa "December 9" atakwama katikati, kwa sababu programu hufuata hatua moja tu, kwa makusudi, isije ikazunguka bila mwisho. Fungua "Viungo viungavyo ukurasa huu" kwenye "9 Disemba", tafuta kurasa za kuelekeza zilizomo, na uzielekeze moja kwa moja "9 Desemba". Viungo vya kawaida vilivyo ndani ya makala, vinavyopita kwenye ukurasa wa kuelekeza na kufika salama, viache vilivyo.